Siku Niliyotumwa Kuchukua Tarehe

Kesi ya nyumba yetu ilikaa miaka saba bila kusikilizwa, na miaka hiyo saba ndiyo niliyokua. Ilianza nikiwa darasa la sita. Nilimaliza la saba, nikajifunza cherehani kwa baba, nikaingia kwaya, nikaota matiti, nikapenda na kuacha kupenda, kesi bado ipo. Nyumbani tulikuwa na msemo wetu: kesi ikiisha. Kesi ikiisha tutaziba bati linalovuja. Kesi ikiisha tutapaka rangi. Kesi ikiisha utaolewa, baba alikuwa akinitania, maana mahari hatutaipokelea kwenye nyumba ya watu.

Nyumba ilikuwa pale Bariadi mjini, barabara inayokwenda sokoni. Mbele palikuwa na vyumba viwili vya zamani na kibaraza ambapo baba aliweka cherehani yake. Nyuma palikuwa na vyumba vitatu vya tofali za kuchoma, na hivyo alivijenga baba mwenyewe. Alikuja Bariadi kutoka Mkula akiwa kijana, fundi nguo asiyekuwa na kitu zaidi ya cherehani ya kuazima. Alipanga chumba kimoja kwa mzee mwenye nyumba, wakazoeana mpaka wakawa kama ndugu. Siku moja yule mzee akamwambia uwanja wa nyuma umelala bure, jenga hapo, na hivyo vyumba utakavyojenga ndiyo kodi yako, ukae maisha yako yote ukishona, sitakudai kitu. Hawakuandika. Walichinja mbuzi, wakaita wazee wanne wa mtaa, wakala nyama wote mbele ya lile neno. Kwetu Usukumani hiyo ilitosha. Nani angemwomba rafiki yake karatasi wakati nyama ya makubaliano bado iko kwenye sufuria?

Mama ndiye aliyebeba maji ya kufyatulia zile tofali, kutoka mtoni, na mimi nikiwa tumboni. Alifariki katika chumba cha mwisho kule nyuma nilipokuwa darasa la nne. Nalitaja hilo sasa ili ieleweke tulikuwa tunagombania nini, maana kwenye karatasi za kesi kila siku waliandika kwamba ni kodi.

Mwenye nyumba naye akafa. Ndipo soko la pamba likafunguliwa. Zamani pamba yote ilinunuliwa na chama cha ushirika. Sasa wakaja wanunuzi binafsi na malori yao, kila mmoja anatafuta nyumba iliyo karibu na barabara apate ofisi na mahali pa kulaza pamba, na wenye nyumba wakaanza kuwatazama wapangaji wao kama mtu anavyotazama ng'ombe asiyetoa maziwa. Mitumba nayo ikaingia, ikamwagwa pale sokoni kwa mafungu, na baba akabaki kushona sare za shule na suti za wazee wachache wasiotaka kuvaa nguo ya marehemu wa Ulaya. Mtoto wa kwanza wa yule mzee, ambaye nilikuwa namwita kaka na yeye alikuwa anamwita baba yangu baba mdogo, akapata mnunuzi wa pamba aliyetaka nyumba nzima. Akaja kwa adabu, akaamkia, akakaa, akasema tuondoke. Baba akamkumbusha habari ya mbuzi. Kaka akasema hakuwepo.

Basi akafungua shauri kwenye baraza la nyumba, Shinyanga, yalikokuwa makao ya mkoa wetu wakati huo. Alidai mpangaji hajalipa kodi kwa miaka mingi. Baraza likaamuru kila kitu kibaki kilivyo mpaka shauri lisikilizwe, hata msumari usipigwe. Halafu halikusikilizwa. Leo mwenyekiti kasafiri, leo mjumbe mmoja anaumwa, leo jalada halionekani, leo karatasi za kuchapia zimekwisha. Mwanzoni baba alikwenda mwenyewe, amevaa suti yake, na yule mzee mmoja aliyebaki hai katika wale wanne waliokula mbuzi. Mzee huyo alikuwa amerudi kwenye mashamba yake huko Sola, wilaya ya Maswa. Baba alikuwa anampitia, wanakwenda wote, wanarudi wote, wameambiwa tarehe nyingine. Baada ya miaka mitatu hivi baba akamwonea huruma mzee wa watu, akamwambia apumzike, atamwita siku yenyewe ikifika. Baadaye akaacha kwenda hata yeye. Akawa ananituma mimi na barua: namtuma binti yangu aniwakilishe. Kazi yangu ilikuwa kukaa, kusikia jina likiitwa, kusimama, kuambiwa tarehe, kuiandika kwenye kiganja, kurudi. Kila mtu alifanya hivyo. Tulikuwa tunaita kuchukua tarehe.

Nami nilipenda kwenda, sitadanganya. Kwangu Shinyanga ilikuwa mji mkubwa. Kwenye benchi la pale ukumbini tulikuwa tumeshazoeana, wapangaji na wenye nyumba, tunakula karanga za mfuko mmoja. Kulikuwa na mama mmoja anadaiwa chumba na shemeji yake, walikuwa wanakuja pamoja na kuondoka pamoja, na shemeji ndiye anayembebea kikapu. Kulikuwa na babu mmoja anasema kesi yake mwakani inaanza darasa la kwanza, anaitafutia sare, na akaniuliza kama baba yangu atamshonea kwa bei nzuri. Kaka naye nilikuwa napanda naye basi moja kutoka Bariadi, maana lilikuwa moja tu. Tukifika Nyalikungu, pale Maswa mjini, alikuwa ananinunulia soda. Tunashitakiana, tunakunywa soda.

Samansi ya mara ya mwisho ilikuja wakati shule zinakaribia kufunguliwa. Ilikuwa karatasi ileile, ikisema kesi itasikilizwa, kama zote zilivyosema kwa miaka saba. Chini yake mtu alikuwa ameongeza kwa kalamu: bila kukosa. Nilimsomea baba. Alikuwa ameuma pini mdomoni, mbele yake rundo la kaptula za kaki, akacheka kwa upande mmoja wa mdomo. Hata mimi nilicheka. Akaniambia kachukue tarehe, mayu, na uwaombe waiweke mbali kidogo, shule zikishafunguliwa. Mayu ni neno la heshima kwa mama, na baba aliniita hivyo tangu mama alipofariki.

Basi lilisimama Nyalikungu kama kawaida. Kutoka pale mpaka kwa mzee wa Sola ni mwendo wa baiskeli, sikuhitaji hata nusu ya siku. Nilikunywa soda yangu, nikarudi kwenye kiti.

Kesho yake asubuhi ukumbini hapakuwa na karanga. Watu walikuwa wamesimama mbele ya ubao wa matangazo. Palikuwa na karatasi mpya imechapwa vizuri, na kwa kuwa nilikuwa na sauti ya kwaya wakaniambia niwasomee. Ilisema Mahakama Kuu imeagiza mashauri yote ya kodi na nyumba yaliyozidi miaka mitano yasikilizwe mfululizo na kumalizwa kabla ya mwaka kwisha, na kwamba hapatakuwa na ahirisho ila kwa ugonjwa au msiba. Nilipomaliza kusoma nilisikia moyo unaruka. Wengine walikuwa wameshika vichwa. Yule babu wa sare alikaa chini bila mzaha wowote. Mimi nilikuwa nafurahi. Nilikuwa na miaka kumi na tisa na kichwani nilikuwa nimeshapaka nyumba rangi ya bluu, nimeweka kabati la kioo pale kibarazani, ndani yake gauni la harusi nililoshona mwenyewe, na watu wanasimama kulitazama. Vyote hivyo vilikuwa upande wa pili wa kesi. Na sasa kuna mkubwa fulani, jaji, sijui yuko wapi, amesema kesi iishe. Nilimwona kama mtu aliyetuhurumia.

Karani wa pale, mzee mwenye miwani iliyofungwa uzi, alikuwa ananifahamu kwa sababu ya miaka yote hiyo. Akaniita pembeni, akaniuliza leo nimekuja na nani.

"Peke yangu, babu."

"Baba yuko wapi? Shahidi yuko wapi?"

Nikamwambia baba anashona, shahidi yuko Sola.

Akatazama huku na huku. "Sikiliza, mjukuu wangu. Ukiingia sema baba anaumwa. Sema tu hivyo, mimi nitakutafutia tarehe ya karibu, mje wote."

Nikamwambia baba haumwi. Akaniambia anajua haumwi. Nikamwambia mimi naimba kwaya, siwezi kumwombea baba yangu ugonjwa. Akavua miwani, akaifuta, akasema, "Haya." Mpaka leo nikiwaza ile "haya" yake natamani ningemshika mkono.

Tuliitwa kabla ya saa sita. Kaka alikuwa na wakili, kijana mwenye tai, na daftari la marehemu baba yake lililoonyesha kodi za wapangaji wengine, na jina la baba yangu halimo. Mwenyekiti hakuwa mtu mbaya. Aliongea taratibu. Alisoma barua ya baba, akauliza kama mimi ndiye mwakilishi, nikasema ndiyo. Akauliza kama tuna hati yoyote ya makubaliano, nikasema hakuna, kulikuwa na mbuzi. Wakili alitabasamu, lakini mwenyekiti hakutabasamu. Akauliza nani alikuwepo. Nikasema mzee wa Sola. Akauliza yuko wapi. Nikasema Sola.

Akaweka kalamu chini. "Binti, unaelewa leo tunasikiliza na kumaliza? Una sababu yoyote ya kuomba ahirisho, au uko tayari tuendelee?"

Ningeweza kusema siko tayari. Angeniuliza sababu, ningebabaika, pengine angenikatalia, pengine angenipa wiki. Sitajua. Nilichokuwa nawaza ni kwamba jambo letu Bariadi nzima inalijua, kwamba ukweli ukielezwa vizuri na mtu asiyedanganya utaonekana, na kwamba nikirudi na kesi iliyokwisha baba atatupa pini zake aniinue juu kama nilipokuwa mdogo.

"Niko tayari," nikasema.

Akaandika.

Nilieleza vizuri, nadhani. Nilieleza mbuzi, wazee wanne, tofali, maji ya mtoni. Wakili aliniuliza swali moja tu: wakati huo mimi nilikuwa wapi. Nikasema tumboni. Watu wakacheka, na mimi nikacheka nao.

Niliporudi nilimwambia baba wamesikiliza, hukumu itasomwa baada ya wiki mbili. Mguu wake ulisimama kwenye pedali. Aliuliza mara mbili kama nimesema wamesikiliza. Kisha akauliza, "Na shahidi?"

Mimi niliyekataa kudanganya Shinyanga nilidanganya pale kibarazani. Nikamwambia hawakuuliza habari za shahidi, wamesema wameelewa. Sikupanga kusema hivyo. Niliona uso wake, nikasema. Akatikisa kichwa polepole, akasema basi labda wameelewa kweli, na akaendelea kushona. Kwa wiki mbili zile alikuwa na furaha ya ajabu. Aliniuliza ile rangi ya bluu ninayoisema ni bluu gani, ya mbingu au ya wino.

Kusikia hukumu tulikwenda wote. Alivaa suti. Mwenyekiti alisoma kwa muda mrefu, maneno mengi ya sheria, baba ameinamisha kichwa anafuatilia. Kisha akafika mahali pale. Alisoma kwamba mdaiwa, kupitia mwakilishi wake aliyeleta barua, aliulizwa kama ana sababu ya kuomba shauri liahirishwe ili amlete shahidi wake, akajibu yuko tayari, na kwamba maelezo yaliyotolewa ni ya mambo ambayo mwakilishi huyo aliyasikia tu. Tulipewa siku thelathini za kuhama.

Nilisubiri baba anitazame. Hakunitazama. Aliinuka, akamshukuru mwenyekiti, akampa kaka mkono. Kaka alimwita baba mdogo kwa sauti ndogo, na baba akamwitikia.

Kwenye basi tulikaa pamoja mpaka Nyalikungu. Pale akaniambia tushuke. Aliazima baiskeli kwa fundi mmoja aliyemfahamu, akanipakia nyuma mimi mtu mzima, tukaenda Sola. Pamba ilikuwa imeshachumwa, mashamba yamebaki miti mikavu. Upepo ulikuwa unatupiga usoni na baba alikuwa anahema, na mimi nilikuwa nautazama mgongo wa ile suti, jasho linavyoenea. Nilitaka kuomba msamaha. Nilifungua mdomo mara kadhaa. Kila nikifungua tunapita kwenye kokoto, baiskeli inatikisika, naufunga.

Yule mzee tulimkuta nje ya zizi. Tulimwamkia kwa Kisukuma, mwadila, guku, salamu ya alasiri kwa babu, akatukaribisha, akamwita mkewe alete maji ya kunywa. Alikuwa amedhoofika, lakini kichwa chake kilikuwa kizima. Kabla baba hajasema lolote aliingia ndani, akatoka na shati jeupe limekunjwa kwenye mfuko wa nailoni. Baba ndiye aliyemshonea, miaka saba iliyopita, la kuvaa barazani. Akasema amelitunza, halijavaliwa hata kanisani, aambiwe tu lini.

Baba akamwambia imekwisha. Wamesikiliza. Tumeshindwa.

Mzee alikaa na lile shati mapajani. Akauliza mbuzi hawakumkubali? Baba akasema hawakumkubali. Akauliza wao wanataka nini zaidi, yeye alikula mguu wa nyuma, anaukumbuka mpaka chumvi yake. Ndipo mzee akauliza alichouliza, na aliuliza akinitazama mimi, kwa sababu alikuwa anajua ni mimi niliyekuwa nakwenda.

"Mlipita hapa Nyalikungu. Mbona hamkunipitia?"

Baba akasema kabla yangu.

"Nilisahau mimi, mzee. Niliona ni tarehe kama zile nyingine. Nilikuwa na sare za watoto."

Mzee alimsuta palepale. Alimwambia wewe fundi umezeeka vibaya, umeuza nyumba kwa kaptula. Baba akakubali. Akasema ndiyo, nimefanya ujinga, unisamehe. Yule mzee alikuwa mtu wa maneno makali, akaendelea, na baba akawa anapokea moja moja, kila moja, huku anakunywa maji, na mimi nimekaa pembeni kwenye kigoda natazama miguu yangu. Hajawahi mtu kunipiga fimbo iliyouma kama kukaa pale bila kuguswa.

Tulipokuwa tunarudi, baiskeli ikiwa inasukumwa maana giza lilikuwa linaingia, nilimwambia baba, niliulizwa. Akasema amesikia. Nikamwambia nilitaka iishe. Alisukuma hatua kadhaa, akasema, "Hata mimi nilitaka iishe, mayu. Ningekuwa mimi sijui ningejibu nini." Halafu akaniuliza kama nina njaa.

Habari ya rufaa aliuliza. Mtu mmoja anayejua sheria alimweleza kwamba huko juu watasoma karatasi ileile, na kwenye karatasi hiyo tulikuwa tayari. Hakuuliza tena.

Siku ya kutoka alifagia vyumba vyote, hata vya nyuma, hata kile cha mama. Sisi tulikuwa na mizigo michache: cherehani, vitanda, sufuria, meza ya kukatia nguo. Milango aliyoitengeneza mwenyewe iliachwa, maana amri ilisema kilichoshikamana na nyumba ni cha nyumba. Kaka alikuja na yule mnunuzi wa pamba. Baba akawaonyesha bati linalovuja, akawaambia wasiweke pamba upande ule italowa. Alisema kwa nia njema kabisa. Yule mnunuzi akamshukuru. Wakati tunapakia, wapagazi wa kwake walikuwa wameshaanza kuingiza mizani, wanatuomba tusogee.

Tulikwenda Mkula, kwa baba mkubwa. Watu wa huko ni wakulima na wafugaji, na nguo za mitumba zilikuwa zimeshafika kabla yetu. Baba alikuwa ametoka Mkula kijana wa miaka ishirini, na waliomjua wengi walikuwa wamekufa. Alipewa kipande cha shamba, akalima mahindi vibaya, mikono yake ilikuwa ya sindano. Jioni alikuwa anakwenda kukaa na wazee wenzake kwenye gulio, wakiongea habari za ng'ombe waliokufa na ugomvi wa mipaka ambao yeye hakuwepo ulipoanza. Alikuwa anasikiliza, anacheka pale wanapocheka. Bariadi alikuwa fundi. Kila aliyepita barabarani alimwita, na yeye alijua kipimo cha kiuno cha nusu ya mji.

Alikaa Mkula miaka minne, na hakuwahi, hata siku moja, hata tulipogombana kwa mambo mengine, kunikumbusha. Natamani angenikumbusha. Watu wananisifu kwamba nacheka sana, na ni kweli nacheka, nimeanza hata kushona tena na bado naota kabati la kioo. Lakini siku ya msiba wake nilikuwa nimekaa ndani na wanawake, na nje walikuwa wanachimba. Mpita njia mmoja akauliza ni nani aliyefariki. Nilisikia akijibiwa, kwa heshima tu, na kijana wa jirani yetu: ni yule mgeni, yule wa kutoka Bariadi.